Saladi ya Baba Rosemène

Jérémie, 15 Februari 1998

Mke wangu Clermise,

Salamu zangu zikufikie hukohuko kwenye theluji, zikukute umevaa soksi. Unaendeleaje? Mjukuu ananyonya vizuri? Na Rosemène, mgongo umepoa baada ya uzazi? Mimi mzima, cherehani nzima, na kuku wako wazima wote, isipokuwa yule jogoo mwekundu bado hataki kunitambua kuwa mimi ndiye mwenye nyumba.

Sasa sikiliza shida yangu, na usicheke kwa sauti, utamwamsha mtoto. Tangu uondoke majirani wananihurumia. Kila Jumapili baada ya misa Madan Occil ananiletea sahani imefunikwa kitambaa, wali na maharage na paja la kuku juu. Bado sijameza, mke wa konpè wangu Sainvil naye huyo, ndizi za kukaanga na nyama ya nguruwe. Nakula, nalamba vidole, naosha sahani. Halafu? Sahani za watu zimejaa kabatini, na wewe unajua kwetu hapa hakuna anayerudisha sahani tupu. Juzi nilimrudishia Madan Occil ya kwake na maembe matatu juu. Aliyatazama yale maembe kama nimemletea mawe. "Ménélas," akasema, "Clermise angetia saladi."

Saladi! Mtaa mzima unanitajia saladi yako ya viazi. Hata padri ameiulizia. Kwa hiyo nieleze inavyotengenezwa, toka mwanzo mpaka mwisho. Nimeshona makoti ya mahakimu mimi, sitashindwa na kiazi.

Rosemène ameniandikia kwamba angependa ukae huko moja kwa moja. Hayo ni yenu mama na binti. Mimi siingilii.

Mumeo,
Ménélas


Montréal, 1 Machi 1998

Baba Rosemène,

Nakuandikia kutoka ndani ya friji, maana mji huu ni friji lenye watu. Hujambo, mzee wangu? Kifua hakikusumbui? Sisi huku wazima. Mjukuu wako ana sauti ya mnada na paji la uso kama la kwako, maskini.

Nimecheka mpaka nimekaa chini. Wewe, jikoni! Wewe ambaye mara ya mwisho kuingia jikoni kwangu ulikuwa unatafuta sindano! Haya, kaza mshipi.

Chemsha viazi na maganda yake, usivimenye kwanza, vitanywa maji vikawa uji. Karoti zinaweza kuingia sufuria hiyohiyo. Bitiruti ipikwe peke yake, nasema peke yake, na usikate mkia wake kabla haijaiva, la sivyo itatoa rangi yote kwenye maji ikubakie na sura ya mgonjwa. Mayai yaive sawasawa. Vikipoa, menya, kata vipande vidogovidogo vinavyolingana. Hapo ndipo ufundi wako utakapofaa. Kitunguu na pilipili hoho vikatwe vidogo kabisa. Tia pwa. Mayonezi usinunue, piga mwenyewe: kiini cha yai, mafuta tone kwa tone, ndimu, chumvi, pilipili mbuzi kidogo sana. Ukimwaga mafuta kwa haraka itakatika, na usije ukanilaumu mimi. Bitiruti iingie mwisho kabisa, kwa mkono mwepesi, mpaka saladi ipate ile rangi ya waridi. Usiikoroge kama saruji.

Ya Rosemène ni kweli. Ameshaulizia karatasi za ukaazi. Ana chumba, ana mashine ya kufulia, na anasema nimeshachoka kufua mtoni. Nimemwambia, na baba yako nani atampikia? Mpaka sasa hilo swali ndilo linalonirudisha nyumbani, maana hajapata jibu lake.

Nisalimie Madan Occil. Mwambie yale maembe nimeyasikia.

Mkeo,
Clermise


Jérémie, 15 Machi 1998

Clermise mke wangu,

Hujambo hujambo! Mjukuu je? Mimi leo nina afya ya watu wawili, na sasa hivi utajua kwa nini.

Kwanza aibu, tuimalize. Uliandika "tia pwa", na kwetu kila jamii ya maharage ni pwa. Haya. Uani kwetu kuna pwa gani, mama? Mbaazi! Nikachuma mbaazi, nikazichemsha kidogo tu nikidhani zitaendelea kuiva humo ndani, nikazimwaga kwenye saladi. Konpè Sainvil akaja, na unajua anavyojiona ana haki ya kuonja kila kitu humu ndani eti kwa kuwa ndiye baba wa ubatizo wa Rosemène. Akatia kijiko, akauma. Kah! Akashika shavu. "Konpè, umetia vifungo?" Nikamwambia ni pwa, Clermise mwenyewe kaandika. Alicheka mpaka machozi. Mke wake ndiye aliyenifafanulia kwamba pwa za saladi ni njegere, zile za kijani za kopo. Sasa ungeandika njegere ungepungukiwa na nini?

Lakini leo! Leo, mama Rosemène, nimefanya maajabu. Viazi nimevikata kwa jicho la fundi, vyote saizi moja, hakuna kirefu hakuna kifupi. Mayonezi ilikatika mara ya kwanza nikaanza upya bila kutukana. Bitiruti nikaitia mwisho, kwa mkono mwepesi, na ile rangi ikatoka, waridi kama gauni la ubatizo. Nilisimama nikaitazama tu. Nikajaza sahani zote za watu, nikazifunika vitambaa, nikazunguka mtaa mzima nimevaa shati la kanisani. Madan Occil alionja mlangoni hapohapo, akaita watu. Akasema, na namnukuu, "Clermise ajihadhari."

Kwa hiyo usiwe na wasiwasi na mimi hata kidogo. Nakula vizuri, nyumba safi, jogoo ameanza kuniheshimu. Sihitaji kitu.

Mumeo, mpishi,
Ménélas


Montréal, 5 Aprili 1998

Ménélas,

Habari za huko. Sisi wazima. Leo Jumapili ya Matawi, tumepewa kitawi kidogo cha majani ya dukani.

Nimefurahi kwamba saladi imekubali. Barua yako Rosemène aliisoma kwa sauti mezani, mume wake akapiga makofi. Kisha Rosemène akasema, "Unaona, mama? Baba hana shida. Anasema mwenyewe hahitaji kitu." Na kweli. Ni mwandiko wako.

Basi ameleta zile karatasi. Baada ya Pasaka kuna mtu atatusaidia kuzijaza, na mwisho wa mwezi natia sahihi. Nikishatia, sitaruhusiwa kutoka nchini kwa muda mrefu. Huenda nawe wakakuita baadaye, huenda wasikuite.

Madan Occil mwambie nimejihadhari.

Clermise


Jérémie, 19 Aprili 1998

Mke wangu mpenzi Clermise,

Nakusalimu kwa mkono dhaifu. Natumaini nyote mu wazima. Mimi nisiseme sana, nisije nikakutia huzuni.

Mambo yameharibika. Ile saladi niliyojisifia ilikuwa bahati tu. Ya Pasaka imekuwa balaa. Bitiruti niliichemsha pamoja na viazi, ikawa nyekundu yote mpaka mayai, kama kuna mtu kachinjwa humo. Mayonezi ilikatika ikabaki mafuta. Nikaipeleka hivyohivyo kwa majirani, kwa aibu. Clermise, walinirudishia sahani zikiwa hazijaguswa! Madan Occil alinirudishia na saladi yake juu vilevile, bila neno. Tangu hapo hakuna anayeniletea chochote. Nakula muhogo mkavu. Suruali nimezipunguza kiuno, na ile ya kahawia nimeipunguza tena. Usiku nakohoa.

Jogoo naye amerudia kiburi chake.

Lakini fanyeni mnavyoona inafaa. Mimi siingilii.

Mumeo aliyekonda,
Ménélas


Montréal, 30 Aprili 1998

Baba Rosemène,

Salamu. Kikohozi kimepona? Najua kimepona, maana hakikuwepo.

We mzee muongo! Ungenidanganya kuhusu bitiruti, ningekubali. Ungenidanganya kuhusu mayonezi, ningekuhurumia kabisa, nilishaanza hata kulia. Lakini ukasema Madan Occil amerudisha sahani na chakula juu yake, hakijaguswa. Madan Occil! Jérémie! Ménélas, nimezaliwa mtaa huo. Hata ungempelekea sumu, yule mama angeipokea kwa mikono miwili, akashukuru, akawapa nguruwe uani, akaosha sahani, akakurudishia na shelisheli juu. Kumrudishia mtu chakula chake ni kumwambia tusisalimiane mpaka kaburini. Hakuna mtu wa kwetu anayeweza kufanya hivyo, na hakuna mtu wa kwetu anayeweza kuuamini uongo huo. Ulikuwa umekaa wapi ulipokuwa unautunga? Konpè Sainvil ndiye aliyekushauri, sivyo? Namwona kabisa, amekunyooshea kidole chake.

Nilicheka mpaka Rosemène akaja mbio akidhani nimepatwa na jambo. Nilipomaliza kucheka nikakasirika. Na nimekasirika kweli, nisikilize.

Wewe huombi. Tangu nikujue huombi. Ukiwa na kiu unasema leo kuna joto. Ulipokuja kuniposa ulimwambia baba kwamba nyumba yako ina nafasi. Nafasi! Nikaolewa na nafasi. Mimi nikaelewa, nikaleta maji, nikaleta chakula, nikaingia kwenye hiyo nafasi nikaijaza, na sijajuta. Lakini huku nilipo sioni uso wako. Naona maandishi tu, na maandishi yanasema "sihitaji kitu", halafu "nakula muhogo", halafu "siingilii", "siingilii". Mimi nikae na binti anayenitaka kwa sauti, au nirudi kwa mwanamume anayekohoa kwa karatasi?

Sijatia sahihi. Nimemwambia Rosemène asubiri barua moja tu. Wala usiniandikie habari za saladi. Sema unachotaka.

Clermise


Jérémie, 10 Mei 1998

Clermise,

Hujambo. Sijambo.

Saladi ya Pasaka ilikuwa nzuri kuliko ile niliyojisifia. Ililiwa yote. Sainvil ndiye aliyenishauri, kweli, aliniambia mwanamume anayetaka mke wake arudi anaunguza wali, hajisifu. Nikamsikiliza kwa sababu nilikuwa na hofu.

Najua kupika sasa. Najua kufagia, na nguo nafua mwenyewe, sitakupeleka mtoni tena. Kwa hiyo sikuiti uje unipikie.

Jumapili nikishamaliza kugawa sahani narudi nyumbani, nakaa mezani, chakula kizuri kiko mbele yangu, na sina wa kumwambia kwamba kimekuwa kizuri. Nakitazama kiti chako. Siku ile ya mafanikio nilikuambia nilisimama nikaitazama saladi tu. Sikukuambia kwamba niliita jina lako. Niliita, "Clermise, njoo uone," kwa sauti, kama mjinga, halafu nikakumbuka.

Rudi. Nakuomba. Nakutaka wewe, humu ndani, pamoja nami. Kama Rosemène atakasirika, mwambie baba yake ndiye aliyeomba, anikasirikie mimi.

Haya, neno nimeliandika. Sasa naipeleka posta kabla sijalifuta.

Ménélas wako


Montréal, 22 Mei 1998

Mume wangu,

Hujambo, mpenzi? Mimi sijambo, sijambo kabisa, na barua hii anakuletea mtoto wa Madan Occil anayesafiri kesho, kwa hiyo pengine imeshasomwa mtaa mzima. Wacha waisome.

Nafika Port-au-Prince Ijumaa ijayo, na Jumamosi jioni nitashuka kwenye basi la Jérémie. Usinijie na konpè na zumari. Njoo peke yako na ulibebe begi zito, lile jepesi nitabeba mwenyewe. Jumapili yake ni sikukuu ya akina mama huko kwetu, na mimi sitakanyaga jikoni, hata ukipiga kelele.

Rosemène amelia, nami nimelia, mtoto akatusaidia. Mwaka ujao watakuja wao kwetu. Jana wakati nafunga begi alisimama mlangoni akiwa bado amenuna. Akaniuliza, "Mama, ni nini? Baba ameshindwa kupika?"

Nikamwambia, "Hapana. Anapika vizuri. Ameniita."

Mkeo,
Clermise