Editha Anatafuta Mama wa Filamu

Jumatatu, 9 Juni
Mwanangu Editha ndiye mchagua waigizaji mkuu! Mkuu! Sio msaidizi wa mtu tena. Naandika mikono bado ina unga. Filamu ni ya vijana wenzake, hawana kampuni kubwa nyuma yao, lakini ni filamu. Anakuja hapa Songea, kwetu Mjimwema, kutafuta mama mkulima anayegoma kunyang'anywa shamba. Asipompata hadi Ijumaa, dairekta analeta mtu wa Dar, na ukuu anapewa mwingine.
Atampata. Mimi nipo.

Jumanne, 10 Juni
Nimetangaza jumuiyani kwetu kanisani: wanawake waje kesho uani kwangu, wamependeza. Mwenyewe nimeenda kusuka Majengo. Najua nitachaguliwa mimi. Sijamwambia mtu. Wawili tu.

Jumatano, 11 Juni
Aibu. Editha kafika, kakuta wanawake thelathini, wote kitenge cha sare, wanja mpaka masikioni. Wakulima gani hao? Nikaigiza mimi kwanza. Nililia, nikajitupa chini. Mtoto niliyemzaa akasema, "Asante mama, kaa pale."
Nimeumia.
Mara akaingia Mama Fulgensi, jirani. Tumemkanyagia mahindi aliyoanika mpakani. "Nyie na vitenge vyenu! Mmelima nyie haya? Tokeni kwenye turubai langu!" Editha kashika simu, anarekodi. "Shikamoo mama. Sema tena hivyohivyo."
"Marahaba ya nini? Okota mahindi!" Akaondoka.
Editha anamtaka huyo tu. Mama Fulgensi hataki hata kutuona.

Alhamisi, 12 Juni
Hatujasalimiana tangu Pasaka, sababu ya kuku wake kwenye mchicha wangu. Leo nimepiga hodi. Nimechambua mchanga kwenye mahindi yake mpaka mchana. Mgongo! Nikamwomba, riziki ya mwanangu iko kwako.
"We Mama Editha, na majivuno yako yote, leo umeinama?"
Nikasema nimeinama.
Akacheka mpaka akakaa chini. "Haya. Ila poda sipaki."

Ijumaa, 13 Juni
Dairekta kaiona ile video. Kajibu neno moja: huyohuyo. Editha anabaki mkuu.
Amelala mchana huu kwenye mkeka, mdomo wazi. Namtazama tu. Kanikataa mimi mama yake mbele za watu, kwa sababu kazi ni kazi. Nani mwingine Songea ana mtoto wa hivyo?
Kijua kimetoka kidogo. Kamera, dairekta, jumuiya nzima, wote wanakuja Jumamosi ijayo, siku ya kurekodi.