Unga Ule Ulikuwa Watoto wa Dagaa

Chumba cha habari, ghorofa ya pili,
Jumatatu, 8 Machi.

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Natumaini mtoto wa jicho ameondolewa salama, na mkweo anakusomea haya ukiwa umeinua kichwa kwenye mito kama daktari alivyoagiza. Sisi wazima wa mwili. Mke wangu amepona kikohozi, ingawa bado anakitumia kukwepa vyombo. Nimeandika kwa sababu kwenye simu ungenikatiza.

Habari za huku si nzuri. Tangu Desemba Kaka ameleta dagaa gatini siku nne tu; nimehesabu mwenyewe. Maji yamekuwa ya moto misimu miwili mfululizo, matumbawe yamegeuka meupe, na meli inayochimba mlango wa bandari inamwaga tope palepale samaki wanapotaga. Yavuyavu, wale laini kama uji wanaowasha ngozi, wamezagaa, wanakula mayai na vifaranga vya samaki. Kolekole na ngisi walikuwepo siku zote, lakini zamani walikula wakashiba na dagaa wakabaki. Sasa wanawagombea hao wachache.

Waliosalia wamejificha kwenye nyasi za bahari nyuma ya gati la zamani, eneo lisilozidi viwanja viwili vya mpira. Ijumaa Kaka na wenzake saba watalivuta lote kwa neti ya chandarua. Imeshashonwa. Nimeiona, na mshono ni wako.

Wewe ndiye uliyemfundisha kushona, ukamwambia wale samaki wadogo weupe tunaowaita unga ni aina yao wenyewe, hawakui: unga ni unga. Miaka kumi na miwili iliyopita nikaandika hivyo gazetini bila kumuuliza mtu wa pili. Ofisi ya uvuvi ikaikata makala, ikaibandika ukutani, na neti za matundu madogo zikaruhusiwa.

Tulikosea, Shangazi. Mama mmoja, mtaalamu wa samaki wa kituo cha utafiti cha hapa, aliweka unga kwenye tangi la kioo. Nilikwenda kutazama kila Jumatano kwa wiki kumi. Walikua. Wengi wakawa dagaa, wachache wakawa vibua. Kila ndoo ya unga tuliyoanika ilikuwa dagaa wa mwaka uliofuata.

Nilimpeleka Kaka akaone. Aliinamia kioo muda mrefu, kisha akacheka. "Huyu mama kawabadilisha, mdogo wangu. Hata mimi naweza kuweka bata humo nikakuapia jana alikuwa yai la kuku."

Nikamwambia nilikuwepo. Kicheko kikamwisha. "Shangazi ndiye aliyenipa kazi hii. Aseme yeye."

Nimechapisha masahihisho ukurasa wa tatu, Kaka hakuyasoma. Ofisi ya uvuvi inasema kanuni itapitiwa mwezi wa sita. Mkewe amemsihi mpaka wamenuniana. Watoto wao wanne wanakula kwangu, na simlaumu baba anayetaka kuwalisha mwenyewe. Lakini akishavuta pale, hana tena pa kuvua, yeye wala yeyote. Nimezunguka ghuba nzima na mtaalamu kwa siku sita. Hakuna sehemu nyingine yenye vifaranga.

Barua hii nampa dereva wa basi, itakufikia Jumatano. Nakuomba, na sijui maneno ya heshima yatakayotosha: mpigie Kaka kabla ya Ijumaa. Usimweleze joto wala tope, hayo nimeshamweleza. Mwambie tu kwamba ulikosea. Najua hujawahi kumwambia hivyo yeyote kati yetu. Mimi nimekosea mbele ya wasomaji wote wa gazeti, na bado natembea barabarani. Yeye bila neno lako atatandaza neti, na kufikia saa tatu asubuhi yote yatakuwa yamekwisha.

Nisalimie mkweo, binamu yangu fundi saa, na wale pacha wasiotaka kulala mchana. Mungu akurudishie nuru ya macho na akupe nguvu ya kulitamka hilo moja.

Ni mimi mwanao akupendaye,
Mwandishi wako