Steringi Aliyezikwa Lanham

Langley Park, Maryland
12 Oktoba 2025

Mpendwa dadangu Johari,

Assalaam alaikum. Kabla ya yote nipe habari za goti lako la kushoto, maana la kulia nasikia limetubu. Na presha je? Na yule jogoo wako anayewika saa ambazo hata muadhini amelala, bado hajaingia kwenye sufuria? Mimi mzima. Sukari inapanda na kushuka kama bei ya vitunguu, na meno yaliyobaki ni ya kuchekea tu. Huku baridi inabisha hodi. Majani yamegeuka rangi, watu wanayapiga picha utadhani maharusi.

Barua hii anakuletea Benadetha, jirani yangu wa mlango wa pili, anayeondoka kesho kwenda kwao Korogwe, na atapitia kwako. Mpe chai na vitumbua, wala usimuulize kwa nini hajaolewa. Nimeamua kuandika kwa mkono, mimi wa darasa la nne, kwa sababu kwenye simu wewe hunikatiza. Karatasi haikatizwi.

Basi. Ule ujumbe wako wa sauti niliusikiliza nimekaa, kisha nikausikiliza tena nimesimama. Ulisema: "Mwambie Zuhair aache upuuzi wa makauboi, arudi akae dukani kwa babake. Hakuja kumzika babake Sufian, yuko kazini anaua watu kwenye sinema." Ukaongeza kwamba mpaka arudi, simu yake hutaipokea, kama ambavyo hujaipokea tangu msiba.

Nimekutii, na ujumbe umefika. Ila kwanza uijue hiyo kazi, maana unaitukana hujaiona.

Mwanao ni dairekta wa picha za kauboi, tena wa kujitegemea. Kujitegemea maana yake hana kampuni nyuma yake; nyuma yake ana gari linalokohoa na marafiki wasiojua kukataa. Siku za kazi yuko hotelini Alexandria ya huku huku, anabeba masanduku ya wageni. Jumamosi na Jumapili ndiye sultani wa jangwa.

Picha yake ya kwanza ilikuwa na farasi mmoja tu, wa kukodi. Ndiyo maana steringi anamfukuza jambazi picha nzima na hutawaona pamoja hata mara moja. Anapita jambazi, wanabadilisha kofia, anapita steringi juu ya farasi yule yule. Farasi alikuwa na mguu mmoja mweupe, wakaupaka kiwi cha viatu. Mimi niliitazama na nikaamini ni farasi wawili, na kiwi nilinunua mwenyewe.

Ya pili alitaka jangwa. Maryland hakuna jangwa, Johari, huku mvua inanyesha kama ina kisasi. Akaliona jangwa hapa hapa Langley Park, kwenye malundo ya udongo mwekundu walipokuwa wanachimba njia ya treni. Ukitazama vizuri, nyuma ya bega la steringi linapita basi limejaa watu wanaokwenda kazini. Yeye anasema ni nyati.

Cheka, lakini ya tatu ilionyeshwa huko huko magharibi mwa Marekani, kwa wenye farasi wao. Mzee wa Kizungu mwenye kofia pana kama sinia la pilau akasimama, akaivua, akakaa nayo mapajani mpaka mwisho. Mwanao ana kitu. Bunduki zake hulia mara chache. Anakuonyesha mtu ananywesha farasi maji, hakuna kingine, mpaka wewe uliyekaa kitini unashikwa na kiu. Mimi nimeona kauboi wengi maishani kuliko vitabu nilivyosoma, na sijaona anayenyamazisha ukumbi namna ile.

Na zote huishia pale pale: steringi anapanda farasi, anaondoka, unabaki na mgongo wake. Hafi. Unajua alikolitoa hilo. Unamkumbuka Sufian sebuleni kwenu Ngamiani, na ile deki ya video, akiwatafsiria watoto Kiingereza asichokijua? Risasi zikianza watoto wanajificha nyuma ya kochi, naye anawaambia msiogope, steringi hafi.

Haya, mwezi jana nilikwenda kumpa maneno yako. Alikuwa anashuti nyuma ya Lanham, mji wa jirani, kwenye zizi la farasi wa Bwana Peterson, Mmarekani mweusi ambaye babu zake walichunga ng'ombe kwelikweli. Mjukuu wangu Tasnim alinipeleka kwa gari. Kabla sijafungua kinywa, Zuhair akanitazama ndevu kama fundi anavyotazama kitambaa. Mzee aliyetakiwa kuigiza alikuwa ameshikwa na mgongo, hakutokea. Akaniambia, mjomba, nakutaka uwe sherifu. Nikamwambia ukoo wetu haufiki kwa masharifu, asitutafutie dhambi. Walicheka mpaka farasi wakashtuka. Kumbe sherifu ni askari mkuu wa mji, na ndiye steringi mwenyewe. Nikavikwa kofia, na kofia ikanikaa. Ulimtuma paka akamfukuze panya, dadangu, paka akapewa maziwa.

Tatizo lilikuja baadaye. Nikaambiwa sherifu anapigwa risasi, anakufa. Nikasema haiwezekani. Wakanipiga risasi, nikayumba, nikabaki wima. Wakarudia, nikaegemea ua. Kiprotich, kijana wa Kenya anayeshika kamera, akauliza kwa adabu sana: "Mzee, umepigwa ya kifua. Unaanguka leo ama tukungoje kesho?" Tasnim naye akanifokea kwa Kiingereza chao kwamba maiti habishani.

Ndipo Zuhair akaja, akachuchumaa mbele yangu, akaongea polepole wengine wasisikie.

"Mjomba, picha zote nimemwacha steringi aondoke kwa sababu sikujua nitamzikaje. Baba anazikwa, mimi niko kwenye lifti ya hoteli na masanduku ya watu. Niache nimzike mmoja."

Nilianguka, Johari. Sikuambiwa tena.

Wewe unajua Sufian alifariki asubuhi na kabla ya Magharibi alikuwa kaburini, kama dini inavyotaka. Kutoka huku hata kunguru asingewahi. Na makaratasi ya Zuhair yalikuwa hayajakaa sawa, angetoka, asingerudi. Hayo yote nilikueleza kwenye simu, ukanikatiza.

Siku ya mazishi ya sherifu walinilaza kwenye sanduku la mbao lisilo na kifuniko. Wazikaji walikuwa watu wetu: wa Zanzibar, wa Mombasa, Mkongo mmoja, na Respicius wa Bukoba, Mkatoliki wa damu. Zuhair alikuwa amewafundisha mazishi ya kikauboi. Wanne wanabeba, mwendo wa pole, wengine wanasimama mbali na kofia kifuani. Wakafanya mazoezi, wakaiva.

Kamera ikawashwa, nikanyanyuliwa. Basi yule wa Mombasa, aliyetakiwa asimame mbali, akachomoka akatia bega. Aliyempisha akapishwa na mwingine. Mara wote wamekuja, kofia zinaanguka, nami napita juu ya vichwa, bega kwa bega, mbio mbio, mwendo ule ule wa kutoka Ngamiani kwenda makaburini. Mmoja akaanza la ilaha illa Llah kwa sauti ya chini, wakapokea. Respicius hajui maneno, akawa anavumisha sauti tu. Makauboi wenye bastola kiunoni, dadangu, wanapokezana jeneza.

Mimi ni maiti mwenye kasoro, nilifungua jicho moja. Nikamwona mwanao ameacha kiti chake, anakuja mbio. Akamsukuma Respicius kwa kiwiko, akatia bega hapa, chini ya kichwa changu. Alikuwa analia bila sauti. Hakusema simamisha. Alinibeba mpaka shimoni, na pale akanitupia mchanga wa kaburi mara tatu. Wa tatu uliingia puani, nikapiga chafya. Kiprotich anaapa kwamba vyote vya kabla ya chafya vimeingia kwenye kamera.

Kisha Kiprotich akamkumbusha kwamba kauboi hawaziki hivyo, warudie. Zuhair akajifuta uso na kofia, akasema: "Hawa wangu wanazika hivyo."

Na itabaki hivyo. Ni picha yake bora kuliko zote, wala sisemi hivyo kwa sababu sura yangu imo ndani.

Tukirudi nyumbani ndipo nikampa ujumbe wako, neno kwa neno, hata yale makali. Hakujitetea. La duka hakuligusa. Aliniuliza jambo moja tu: siku ya babake, ni nani waliotia bega? Nikamwambia mimi pia sikuwepo. Anayejua ni mamake.

Kwa hiyo Ijumaa hii, baada ya sala yenu, atakupigia akuulize hilo. Ipokee, Johari. Habari za duka ziache. Mtajie majina tu, mmoja mmoja, nani alishika mbele na nani alipokea njiani. Ukisahau mmoja, muulize Fathiya, binti yako huyo hasahau kitu.

Nisalimie Fathiya na wanawe. Nisalimie Method pale dukani. Analiangalia duka la marehemu kuliko Zuhair angeliangalia, nawe unajua. Mungu ailaze pema roho ya Sufian, akupe magoti ya kusujudia na usingizi usiokatizwa na jogoo.

Ni mimi kaka yako nikupendaye, Abdulghafur. Ukisikia nimekufa Lanham usilie. Steringi alizikwa vizuri, kisha akaamka akadai chai.