Nilimpeleka Kifungo Nimevaa Suti

Jumatatu, 3 Machi

Paka Kifungo hajala tangu jana. Nimemwekea samaki, sehemu ya tumbo anayoipenda, akanusa tu kisha akageuza kichwa. Leo asubuhi ametapika povu la manjano juu ya meza ya kukatia. Nusura alichafue koti la bwana harusi! Nimefuta, nimefungua dirisha, nimerudi kwenye cherehani. Hakuja kulala kwenye kanyagio kama kawaida yake. Amejibanza chini ya rafu ya vitambaa, macho nusu wazi.

Shemeji amepita mchana. Huyu ni mdogo wake marehemu mke wangu. Husema anapita tu, kumbe anakuja kunikagua kama nimekula. Amemwangalia paka akasema mpe mafuta kijiko kimoja, atapona. Nikamwambia hapana, huyu anakwenda hospitali. Amecheka mpaka akashika mlango. Eti yeye goti linamuuma mwaka mzima hajaona daktari, paka ndiye apelekwe! Eti angejua angezaliwa na mkia.

Acha acheke. Paka si wangu, ni wa mke wangu. Mwaka jana, siku zake za mwisho, alinivuta mkono, nikainama, nikadhani atanipa neno la kubaki nalo — ndoa ya miaka yote ile! Akasema, "Kifungo asilale nje." Basi. Ndio wosia wote nilioachiwa.

Jumanne, 4 Machi

Nimempeleka. Nimevaa suti ya kijivu, ile yenye bitana ya hariri, niliyojishonea mwenyewe. Fundi haendi mbele za watu na chaki magotini. Viatu nimevipiga rangi. Kifungo nimemtia kwenye kikapu cha sokoni cha marehemu, nimemfunika taulo. Njia nzima hakulia, na hilo ndilo lililonitisha.

Kliniki nzuri. Vigae vyeupe, viti vya plastiki vilivyofungwa pamoja, mizani ya kupimia mbwa sakafuni, picha ya meno ya mbwa. Nikatafuta bei ukutani — hakuna hata moja. Nikafurahi! Nikasema hapa ni mahali pa heshima. Mke wangu alikuwa na ubao dukani, ameuandika kwa mkono wake: kupunguza suruali bei hii, zipu bei hii, suti bei hii. Nilikuwa nauonea haya ubao ule. Nilimwambia, mke wangu, kwani tunauza vitunguu? Akanijibu kwamba anayeuza vitunguu halali na wasiwasi. Baada ya msiba nikautoa. Mimi mteja akiingia namtazama viatu, najua suti yake itakuwa bei gani. Akiuliza, namwambia tutaelewana.

Daktari ni binti mdogo, mikono imetulia. Amenisalimia shikamoo, ameniita mzee wangu. Alimbonyeza Kifungo tumbo, naye akatoa sauti sijawahi kuisikia kwake. Akauliza: kuna panya nyumbani? Kuna sumu? Anatoka nje? Hapana, hapana, hapana. Kisha akanitazama kuanzia kola mpaka kiatu. Nilimwona! Mtazamo ule naujua, ni wangu. Akauliza nafanya kazi gani. Nikasema nipo kwenye biashara ya mavazi. Si uongo. Lakini sikusema fundi.

Akasema basi tusikisie, tufanye vipimo vyote. Damu iende maabara, mtaalamu wa ultrasaundi aje na mashine yake. Nikasema vyote! Ilipofika kwenye gharama alitabasamu: "Tutaelewana, mzee wangu." Nikatabasamu na mimi. Kuulizia bei mbele ya mgonjwa niliona kama ninamnadi.

Kikapu kimerudi kitupu. Nimekiweka juu ya kabati nisikione.

Jumatano, 5 Machi

Majibu ya damu hayajarudi. Mtaalamu wa ultrasaundi anakuja kesho. Kifungo yumo kwenye kizimba, dripu mguuni, manyoya yamenyolewa mahali pa sindano. Nilimpa kidole akakilamba mara moja, halafu akachoka. Nilivaa suti tena. Joto lile! Jasho limenitiririka mpaka kwenye soksi.

Mpokezi, msichana mwenye kucha za kijani, alinipa karatasi iliyokunjwa, kwa siri, utadhani barua ya mapenzi. Malipo ya awali. Niliikunjua nje. Bei ya suti mbili na nusu! Na kazi yenyewe haijaanza, bado tunapima. Nilirudi ndani nikalipa kwa fedha ya bwana harusi, ya kununulia kitambaa cha suruali. Na nikasema asante. Nilisema asante!

Jioni bwana harusi amekuja kujaribu koti. Limemkaa vizuri, nashukuru. Akauliza suruali lini. Nikamwambia keshokutwa, kwa uso mkavu kabisa, na kitambaa chenyewe bado kipo dukani kwa mwenye nacho. Uongo wa mafundi, sisi tumezaliwa nao.

Alhamisi, 6 Machi

Daktari amepiga simu saa nne. Mashine imeona utumbo umejikunja wote upande mmoja, kuna kitu chembamba kimepita katikati. Akaniuliza polepole: mzee wangu, nyumbani kwako kuna nyuzi?

Nyuzi.

Nikamwambia mimi ni fundi cherehani.

Nilisikia mbwa wa mtu analia huko nyuma. Kisha akasema, lo, ningejua juzi! Fundi akimletea paka anayetapika haulizi swali la pili, anafungua tumbo siku hiyohiyo.

Anampasua sasa hivi, wakati naandika. Najua hasa kilichotokea mle ndani. Ndivyo ninavyotengeneza marinda: unapitisha uzi, unashika ncha moja, unavuta, kitambaa chote kinajikusanya. Paka wa mke wangu ana marinda tumboni, ya uzi wangu. Nyuzi ninazoziangusha chini ya cherehani na kusema nitafagia baadaye. Aliyekuwa akifagia ni mke wangu.

Ijumaa, 7 Machi

Ametoka hai! Daktari alinionyesha uzi kwenye chupa. Mrefu kuliko mkono wangu, bluu iliyoiva, wa koti la bwana harusi. Lakini ulikuwa umeanza kuukata utumbo, sehemu tatu. Ameshona zote. Anasema tusubiri.

Shemeji amenikuta dukani nimekaa tu, taa sijawasha. Nikamweleza yote, hata karatasi ile. Hakucheka. Aliomba namba, akapiga palepale, akaweka spika. "Daktari, mimi ni shemeji yake yule mzee mwenye Kifungo. Naomba nitajiwe bei, kimoja kimoja." Hivyo tu! Na daktari akataja, kimoja kimoja, bila kununa. Mimi nimevaa suti siku mbili nzima kulikwepa swali hilo.

Shemeji akauliza, na asiye na uwezo mnamfanyaje? Daktari akasema huyo anampa njia fupi: wanaacha maabara, wanaacha mashine, wanapasua mara moja. Bei yake haifiki hata suti moja. Mbona hukumwambia shemeji yangu? Daktari akasema, dada, alivyovaa, niliogopa kumvunjia heshima. Ningemwambia kuna ya rahisi angeona namdharau. Na mbona basi hamwandiki bei ukutani? Eti waliwahi kuandika. Watu walikuwa wanasoma, wanageuzia mlangoni na wanyama wao mikononi, hata hawaulizi kama kuna njia nyingine.

Sina hasira naye. Natamani ningekuwa nayo, ningepata pa kuiweka. Angesema neno lile Jumanne kweli ningeudhika, ningechukua paka wangu nikaondoka. Ananijua kuliko ninavyojijua. Kama ningekwenda na aproni, futi shingoni, Kifungo angepasuliwa Jumanne ileile kwa bei ya suruali na fulana. Suti nzuri imemchelewesha siku mbili, na siku zote mbili uzi ulikuwa kazini.

Nililisema hilo kwa sauti. Shemeji akasema, "Mficha uchi hazai, shem." Halafu akaniona uso, akaacha utani, akaja akanishika bega. Nililia. Mbele ya shemeji yangu, kwa ajili ya paka! Msibani sikulia hivi. Msibani nilikuwa nawashonea watu nguo za msiba.

Kabla hajaondoka ameuvuta ubao nyuma ya kabati, ameupangusa vumbi kwa upindo wa gauni lake. Mwandiko wa dada yake. Alisimama nao kidogo, halafu akautundika kwenye msumari wake wa zamani, mimi sikumzuia. Mteja aliyefuata aliusoma, akatoa suruali yenye zipu mbovu, akaweka na fedha kamili juu yake. Sikumtazama viatu.

Jumamosi, 8 Machi

Niko kliniki, kwenye viti vya plastiki. Wanafunga saa saba.

Daktari alipiga simu asubuhi. Homa imepanda, tumbo limejaa, mishono ya ndani imeachia. Nilimwuliza bei kabla hajamaliza kusema, na safari hii akataja papo hapo: kupasua tena, kukata kipande cha utumbo, kukaa hapa wiki nzima. Kama suti nne. Nikamwuliza, angekuwa paka wako? Alivuta pumzi. Akasema wengi wanaofika hapo hawavuki, na wanaovuka wanateseka sana kwanza. Nikamwuliza, na tusipopasua? Akasema, kumpumzisha. Sindano moja, anasinzia, hasikii kitu, hazinduki tena. Nikamwuliza, hiyo nayo bei gani?

"Hiyo hatutozi, mzee wangu."

Wiki nzima nimehangaika na bei za mahali hapa, na kumbe kimoja ni cha bure.

Leo sikuvaa suti. Nimekuja na aproni, futi shingoni, chaki magotini. Mpokezi ameniangalia akasema, "Nikusaidie nini, fundi?" Hakunijua! Nikamwambia mimi ni yule mwenye Kifungo. Aliona haya, akaniletea maji, akakaa kiti cha pembeni yangu. Msichana mzuri. Hata karatasi zile si yeye anayeziandika.

Nimeruhusiwa kumwona. Alikuwa amefumba macho. Nilipoinama, ncha ya futi ilimgusa pua, akanyanyua mguu wa mbele, ule usio na dripu, akauweka juu ya ncha ile, kama afanyavyo kila siku nikipima kitambaa. Nyumbani huwa anavuta, nami namfokea. Leo hakuvuta. Aliuweka tu. Nimebaki nimeinama vilevile mpaka mgongo ukauma, nisiiondoe futi chini ya mguu wake.

Shemeji amepiga simu. Anasema hizo suti nne tutazipata, ataazima kwenye kikundi chao, nisifikirie fedha hata kidogo. Shemeji yuleyule wa kijiko kimoja cha mafuta! Nikamwambia sifikirii fedha. Kweli sifikirii, na ndicho kinachoniuma. Jumanne ningeokoa maisha yake kwa kuuliza swali moja. Leo nimeuliza yote, nimejibiwa yote, na hakuna jibu linalofaa.

Kwenye mfuko wa aproni nina kipande cha bitana. Hariri ya kijivu. Nimekikata asubuhi kutoka ndani ya koti la suti yangu, nikakipiga pindo pande zote nne kwa mkono, mshono mdogomdogo. Nilijiambia ni cha kumfunika, humu ndani wanawasha feni sana. Lakini nilikikata kwa kipimo: pua mpaka mkia, na nyongeza ya kukunjia kila upande. Kwenye vipimo fundi hawezi kujidanganya.

Daktari ametoka, glovu mkononi. Hanikimbizi. Ananiuliza, fundi, tumeamua nini? Nimemwambia kitu kimoja tu kwanza: vyovyote itakavyokuwa, leo narudi naye nyumbani, asilale nje. Ananiangalia, hajaelewa. Anasubiri. Natia mkono mfukoni, naishika hariri —