Haja ya Mwalimu Akinyi

Ijumaa usiku, muhula wa pili

Na ni mimi mwenyewe niliyemwombea. Kila Ijumaa asubuhi walimu wangu husimama ofisini, kila mmoja anataja haja yake, kisha mimi kama mkuu wa shule hii ya binafsi naomba. Haja ya Mwalimu Akinyi ilikuwa ile ile, kazi ya serikali. Nikamwombea kwa sauti mwaka mzima.

Leo alisimama kushukuru. Ameajiriwa katika shule ya serikali huko Kombewa, anaanza Jumatatu.

"Asante, Madam. Maombi yako yamejibiwa."

Walimu wakaimba. Nikapiga makofi nao. Hisabati ya Gredi ya Tisa nani atafundisha sasa, na mtihani huu hapa? Wazazi wengine walileta watoto kwangu kwa sababu yake tu. Wakisikia...

Makofi yalipotulia akasimama Mwalimu Otieno wa Sayansi. Yeye siku zote huomba mama yake apate nafuu.

"Mimi pia, Madam. Leo naomba kazi ya serikali."

Wakainamisha vichwa, wakafumba macho, wakanisubiri.

Nikamwombea mama yake.