Baba Kwenye Barafu

Kisiwa cha Kihnu, Jumapili, Machi

Kaka yangu mpendwa Joosep,

Natumai barua hii inakukuta mzima, wewe na wifi Helve. Sisi miili yetu haijambo. Mama anakusalimu na kulalamika kwamba huko bara hakuna anayekulisha ukashiba.

Jua limerudi, theluji inang'aa mpaka macho yanauma. Barafu ya baharini imekuwa ya kijivu na wanaume wameacha kuikanyaga, isipokuwa baba. Alhamisi alichukua shoka na kigari chake cha kuteleza, akaenda kutoa nyavu zilizokuwa chini ya barafu. Mama alipomkataza, alimjibu kwamba barafu hii anaijua kuliko anavyomjua mkewe.

Kabla ya adhuhuri upepo uligeuka, ukavuma kutoka nchi kavu. Nikasikia barafu inalia, mlio mrefu. Nilikimbia na kamba. Nikamwona kwa mbali akirudi taratibu, na mbele yake mpasuko wa maji meusi, upana wa mlango. Nikampigia kelele asimame. Akazidi kuja.

“Baba, maji!”

Akasimama. “Kelele za nini, Maali? Utawafukuza samaki mpaka Riga!” Alikuwa anacheka. Kisha sauti yake ikashuka. “Hayo maji yako upande gani?”

Joosep, yalikuwa kwenye ncha za buti zake.

Nilimrushia kamba, akaitafuta kwa kupapasa, akajifunga kiunoni. Nikamwelekeza aruke wapi. Akaruka. Mguu mmoja ulizama hadi gotini, nikavuta mpaka tukaanguka pamoja. Nyuma yetu barafu ikaondoka na kigari na nyavu zote.

Tukiwa bado tumelala kwenye theluji akaniambia kwamba tangu vuli anaona mwanga na vivuli tu. Akaniapisha nisikuambie, maana utampandisha kwenye fleti yako ya ghorofani, asijue hata upepo unatoka wapi.

Sikuweza kunyamaza. Jana nilimwambia kwamba nakuandikia. Alininunia kutwa nzima, hata supu akakataa. Jioni akasema, “Haya, mwambie aje upesi. Kuhusu kunihamisha tutagombana akishafika. Nataka nimwone wakati bado naona umbo la mtu mlangoni.”

Ndege bado inatua kukiwa hakuna ukungu. Mbusu wifi kwa niaba yetu.

Ni mimi dada yako,
Maali