Maji Yanafika Wapi

Jumatatu, 4 Machi
Sukari imepanda tena. Nesi Gaolathe hakunifokea. Afadhali angefoka! Alinigusagusa vidole vya mguu kwa uzi mgumu, kupima kama nasikia. Kidole kimoja sikukisikia. Kabisa. Marehemu mama alianza hivihivi, kwa kidole. Tuliuzika mguu wake kabla yake.

Nikamwuliza, basi nikonde? Akasema mwili wangu hauna kosa, ila unataka mazoezi na kula kwa mpango. Magoti hayawezi kutembea, kwa hiyo niingie bwawani. Bwawani! Mimi mtu wa Serowe, mji wa ukame, maji nayajua ya ndoo.

Jumanne, 5 Machi
Nimemwambia mume wangu, Rra Kagiso. Kijiko kikamsimama mkononi. Eti alinioa hivi, ananipenda hivi. Nikipungua watu watasema naugua ule ugonjwa, au yeye hanilishi.
"Nani kasema nataka kupungua? Nataka miguu yangu!"
Akanipakulia ugali wa mtama, mlima mzima. Nimekula nusu. Nusu nyingine hakutaka kuitazama.

Alhamisi, 7 Machi
Dukani hakuna nguo ya kuogelea ya saizi yangu. Mma Sebina, fundi wetu, amenishonea, na yake pia, tuingie wote. Nimefunga mlango, nikajitazama kwenye kioo. Mapaja, tumbo, mikono — vyangu, na vizuri. Kweli kabisa. Kioo hakinitishi. Maji ndiyo.

Wifi Lorato akaiona nguo kwenye kamba. "Ukiingia wewe, wifi, wenzio wataogelea wapi?"
Nikacheka. Nikaianua nguo ikiwa bado mbichi.

Jumamosi, 9 Machi
Bwawa la shule. Nipo chumba cha kubadilishia, nguo nimevaa. Mma Sebina, mwili mkubwa kunishinda, ameshaingia, anapiga kelele kama bata! Mwalimu wa kuogelea ameniita mara mbili. Siwezi. Nikizama je? Nisipoingia je?

Ngoja — sauti ya Rra Kagiso! Amekuja kunitoa?

Nipo nyuma ya mlango. Anamwuliza mwalimu maji yanafika wapi. Kifuani, anajibiwa. Kifua cha nani? Na mtu akiteleza, nani wa kumshika? Sauti yake imekuwa nyembamba, siitambui.

"Ingia wewe, Rra, umshike," mwalimu anamwambia.

Namsikia anavua kiatu. Kimoja. Sasa —